Njoo Baada ya Mavuno

Mtu aliyekalia shamba langu alinisalimia shikamoo kila tulipokutana, miaka yote ya kesi na miaka yote iliyofuata baada ya kesi kwisha. Baba yake na baba yangu walizaliwa tumbo moja, na mimi nimemtangulia kuzaliwa, kwa hiyo yeye ni mdogo wangu na mimi ni dada yake. Mdogo akisema shikamoo, dada haitikii kwa msonyo. Nilikuwa naitikia marahaba huku nimeuma meno. Alijua, na ndiyo maana aliitoa kwa sauti kubwa, watu wa barabarani wasikie.

Naandika haya kwa hasira na sitaificha. Kuna walionishauri niandike kwa upole kwa sababu mambo yameshakwisha. Mimi naona mambo yakishakwisha ndipo mtu anapata nafasi ya kukasirika vizuri. Yalipokuwa yanaendelea nilikuwa na vitunguu vya kuuza.

Kijiji chetu hakiko mbali na Issuna, ambako nilipeleka vitunguu siku za soko. Shamba liko kwenye mteremko, chini ya majabali. Mpaka wa juu ni mawe mawili makubwa yaliyoegemeana, mpaka wa chini ni ua wa minyaa alioupanda baba kwa mkono wake. Baba alinipa shamba hilo akiwa hai. Alinitumia ujumbe nije kutoka Shelui, ambako mimi na mume wangu tuliishi kando ya barabara kuu, yeye akiziba pancha za malori na mimi nikiwapikia madereva wali na maharage. Akanitembeza kwenye mipaka mbele ya wazee wanne, akaniambia nivue kandambili nikanyage kila kona kwa mguu mtupu. Nilikanyaga. Kona ya minyaa nilikanyaga mwiba wa mgunga, baba akacheka, akasema sasa ardhi imenionja.

Mwaka uliofuata akafariki. Mdogo wangu akaniomba alime kwa muda, shamba lisije likaota pori, na mimi nikamwambia lima tu, ndugu ni ndugu. Hatukuandika chochote. Nani kwetu anaandikishana na mtoto wa baba yake mdogo?

Mume wangu naye alipofariki, nikafunga vyombo vyangu vya kupikia nikarudi nyumbani. Nikamwendea mdogo wangu na kilo mbili za sukari, nikamshukuru kwa kunitunzia shamba. Sukari akaipokea. Kuhusu shamba akaniambia, "Dada, mwanamke akishaolewa ameshaondoka. Ile ni ardhi ya ukoo."

Sitasimulia kesi yote, maana ukiisimulia utadhani unasikia kesi ya mtu mwingine yeyote. Tulipatanishwa kijijini, hatukupatana. Tukapatanishwa kwenye kata, hatukupatana. Tukaenda baraza la ardhi mjini, mdogo wangu akashindwa. Akakata rufaa, akashindwa tena. Wazee watatu kati ya wale wanne walikuwa bado hai, wakasimama mmoja mmoja wakaeleza walichokiona, hadi ule mwiba.

Siku ya mwisho nilivaa kitenge changu cha kanisani. Iliposomwa kwamba shamba ni mali yangu halali na kwamba mdogo wangu aondoke, nilipiga kigelegele mle mle ndani, wakanitoa nje. Niliporudi kijijini sikulala vizuri kwa furaha. Asubuhi nikachukua jembe nikaenda shambani kwangu. Nikamkuta anapalilia.

"Shikamoo dada."

"Marahaba. Hukumu umeisikia?"

"Nimeisikia."

Akaendelea kupalilia.

Nilisimama pale na jembe langu begani kama mtu aliyekosea njia. Sikuwa na la kufanya. Kumpiga nisingeweza, na ningeweza pia ningefungwa mimi. Nikarudi mjini siku iliyofuata, na karani wa baraza, kijana mpole mwenye miwani, akanifafanulia kwamba kushinda ni jambo moja na kupata ni jambo lingine. Mtu akishashinda anapaswa kuomba hukumu yake ikaziwe. Baraza litoe amri, amri ipewe dalali wa baraza, dalali abandike notisi ya siku kumi na nne, na siku zikiisha ndipo aje na askari kukabidhi.

"Kwa sasa wewe unaitwa mshinda tuzo, mama," akaniambia.

Nikamwuliza tuzo yenyewe iko wapi. Akasema inachapwa.

Sitalitaja baraza, wala karani simlaumu peke yake. Nilipigwa danadana na watu wengi, na wengi wao walikuwa na adabu nzuri. Jalada lilikuwa limepanda juu na rufaa na halijashuka. Liliposhuka, mwenyekiti wa baraza alikuwa amehamishwa na aliyepangiwa nafasi yake hajaripoti. Aliporipoti, alikuta majalada yamejaa hadi dirishani na langu lilikuwa chini. Kila safari nilipanda basi alfajiri na kapu la vitunguu, nikavigawa vingine pale barazani kwa waliokuwa kwenye benchi, maana tulishakuwa kama wanaukoo. Kulikuwa na mwanamke wa Misigiri aliyeshinda nyumba yake miaka mitatu nyuma na alikuwa bado anaipita kwa nje. Tulifundishana uvumilivu hadi tukauchukia.

Dalali wa kwanza alikuja mwezi wa pili. Alikuja na askari wawili na vijana wanne wenye mafyekeo, mtendaji wa kijiji akiwa nyuma yao, na nusu ya kijiji nyuma ya mtendaji. Alizeti ya mdogo wangu ilikuwa imefika kifuani na imeanza kutoa maua. Dalali akasoma amri, akawageukia vijana wake, akawaambia fyeka.

Mimi ndiye niliyepiga kelele. Mimi, mwenye shamba.

Hapa ni lazima nieleze, kwa sababu watu wa mjini wakisikia sehemu hii wananiona mjinga. Kwetu mmea ulioota haung'olewi. Mtu akipanda kwako kwa makosa, au hata kwa wizi, unamsubiri avune, kisha mnagombana. Bibi yangu aliyaona majira mawili mfululizo ya njaa, na alitufundisha kwamba anayekata chakula kibichi hata mvua inamkumbuka. Nililelewa na hilo kabla sijajua kusoma. Kwa hiyo nilipoona fyekeo la kwanza limeinuliwa juu ya alizeti, mdomo wangu ulifunguka wenyewe.

"Acheni! Acheni avune kwanza!"

Mtendaji akafurahi sana. Alikuwa mtu wa kupenda amani, hasa amani isiyomgharimu. Akachomoa kalamu na karatasi pale pale, akaandika akiwa ameegemeza karatasi kwenye mgongo wa mtu: kwamba mimi mshinda tuzo nimekubali kwa hiari yangu ndugu yangu avune mazao yaliyomo shambani, na baada ya mavuno aondoke. Nikasaini. Mdogo wangu akasaini. Watu wakapiga makofi. Dalali, ambaye gharama zake nilizitoa mimi kwa kuuza mbuzi wangu wote, akakunja amri yake.

"Mama, mimi nimekuja kukukabidhi shamba," akasema, "na wewe unanikabidhi karatasi."

Alikuwa sahihi na nilimchukia kwa hilo.

Mwezi wa sita alizeti ikakatwa. Nikaenda na jembe. Katikati ya mashina makavu, mstari kwa mstari, mbaazi zilikuwa zimefika magotini. Alikuwa amezichanganya na alizeti, kama wengi wetu tunavyochanganya, na mimi nilisaini bila kutazama chini.

"Mazao yaliyomo shambani, dada," akaniambia. "Na hizi zimo."

Mbaazi zilivunwa mwezi wa tisa. Baada ya kuvuna alizikata matawi, zikachipua upya. Na kwenye nafasi zilizobaki alichomeka muhogo. Kila anayelima anajua maana ya muhogo. Muhogo ukiamua kukaa ardhini, unakaa hata miaka miwili na hauharibiki. Nilipouona, nilicheka peke yangu kwa uchungu, kwa sababu ulikuwa ujanja mzuri na umefanywa na mtu wa damu yangu.

Nikaenda kwa mtendaji. Akafungua droo, akatoa nakala ya karatasi, akaisoma kana kwamba imeandikwa na mtu mwingine.

"Tulikubaliana baada ya mavuno, mama. Njoo baada ya mavuno."

Nikaenda mjini. Karani akasikiliza, akavua miwani akaifuta.

"Huko kwenu wanasema mna makubaliano. Sasa mama, si uje baada ya mavuno?"

Wahenga walisema ngoja ngoja huumiza matumbo, na tumbo langu lilianza kuuma kweli. Zahanati wakanipa dawa za vidonda vya tumbo na wakaniambia nipunguze mawazo. Nikawauliza kama wanayo dawa ya muhogo.

Nikafungua maombi mapya ya kukazia hukumu. Hapo ndipo mdogo wangu alipoitoa karatasi yetu mbele ya baraza na kudai kwamba sisi tumeshamalizana kindugu, hakuna tena hukumu ya kukazia. Saini yangu ile pale chini, nzuri, nimeikunja mkia kama nilivyofundishwa darasa la tatu. Niliitazama na nikatamani mkono ule ungekuwa na jipu siku ile. Shauri likaahirishwa. Likaahirishwa tena kwa sababu mwenyekiti alikuwa kwenye semina, na tena kwa sababu mdogo wangu alikuwa na msiba, na mara moja kwa sababu umeme ulikatika. Nilikuwa nakwenda nyumbani nakuta vitunguu vyangu vimechipua kwenye gunia.

Mwenyekiti mpya alikuwa mama mmoja mwembamba, hana maneno mengi. Siku alipotusikiliza aliisoma ile karatasi mara mbili, akamwuliza mdogo wangu swali moja tu.

"Siku mnaandika hii, muhogo ulikuwemo shambani?"

"Mbegu zake zilikuwepo, mheshimiwa."

"Zilikuwa wapi?"

"Nyumbani."

Watu wa kwenye benchi walicheka hadi wakanyamazishwa. Mwanamke wa Misigiri alinifinya paja. Baraza likaamua kwamba makubaliano yalihusu mavuno yale tu na yameshapita, na kwamba hukumu iko pale pale, ikaziwe. Nilitoka nje nikaketi kwenye ngazi, na safari hii sikupiga kigelegele. Nilishajifunza kuweka akiba ya pumzi.

Ilikuwa vizuri kuweka akiba, kwa sababu dalali wa kwanza alikuwa ameacha kazi, na dalali wa pili alikuwa mtu wa tahadhari. Kabla ya kubandika chochote alinipigia simu.

"Mama, huko shambani kuna nini kwa sasa?"

Mimi sijui kudanganya kwenye simu. Nikamwambia kuna alizeti na mbaazi, mdogo wangu ameshang'oa muhogo na kupanda tena, na zimeota.

"Ah. Basi tuiache kidogo. Sitaki kugombana na wanakijiji. Tuwasiliane baada ya mavuno."

Nilikata simu nikaenda mjini siku hiyo hiyo, bila kapu. Nikaingia kwa karani bila kubisha hodi, na hilo namwomba radhi.

"Hukumu yangu imeandikwa kwa lugha gani?" nikamwuliza.

"Kiswahili, mama."

"Nisomee palipoandikwa alizeti."

"Mama, punguza hasira."

"Nikizipunguza nitabaki na nini? Shamba sina."

Akanivutia kiti. Nadhani alinionea huruma, na huruma yake ikanichefua zaidi. Nilipokuwa kwenye basi la kurudi ndipo nilipoanza kufikiri kama mkulima badala ya kufikiri kama mwombaji. Mdogo wangu hakuwa na sheria. Alikuwa na kalenda. Alihakikisha ardhi haikai tupu, na sisi wote, mimi wa kwanza, tulikuwa tunamlindia mimea yake kwa sababu ya mafunzo ya bibi. Basi na mimi nitaitumia kalenda. Kati ya mavuno ya mwisho na upandaji wa kwanza lazima kuna siku chache ambazo ardhi ni vumbi tupu. Dalali aje siku hizo, si kabla wala baada.

Lakini ili nizijue siku hizo nilihitaji kuliona shamba kila siku. Kwa hiyo nilihamisha genge langu la vitunguu kutoka mlangoni kwangu. Njia ya kijiji inapita kandokando ya ua wa minyaa, na njia ni ya watu wote. Nikajenga kichanja cha miti, nikatandika gunia, nikapanga vitunguu, nyanya na dagaa, nikaweka kigoda changu kikitazama shambani. Watu walisema nimechanganyikiwa. Wengine walisema ni aibu, mwanamke mtu mzima kumkodolea macho ndugu yake. Nikawaambia wanunue vitunguu.

Kila asubuhi alipita hapo na jembe lake.

"Shikamoo dada."

"Marahaba. Leo unafanya nini shambani kwangu?"

Mwanzoni alicheka. Baada ya miezi miwili akaanza kupitia upande wa majabali, ambako ni mbali. Mkewe alikuwa akija kununua kwangu mumewe akiwa hayupo, na kila mara alichagua taratibu kuliko ilivyohitajika, kitunguu kimoja kimoja. Hatukuwahi kulizungumza jambo lenyewe. Siku moja tu, akifunga vitunguu kwenye ncha ya khanga, aliniambia kwamba mbaazi hizi zilizobaki hazitazidi mwezi wa tisa, halafu akaondoka bila kuaga.

Nikahesabu kurudi nyuma. Kama mbaazi zinaisha mwezi wa tisa, notisi ya siku kumi na nne ibandikwe zikiwa bado zinakauka. Kabla ya notisi, barua ya kuomba askari. Kabla ya barua, dalali akubali. Nikaenda kuketi barazani siku tano mfululizo, nikilala kwa mwanamke mmoja wa kanisani kwetu anayeishi mjini. Sikumgombeza mtu. Kila dalali alipopita nilimwamkia na kumwambia shamba litakuwa tupu tarehe fulani. Siku ya tano akaniuliza nina uhakika gani. Nikamwambia mimi nauza vitunguu mbele ya hilo shamba, hakuna mbaazi nisiyoijua. Akachukua kalamu.

Notisi ikabandikwa kwenye ubao wa ofisi ya kijiji. Mdogo wangu aliisoma kama wengine. Mbaazi zilipokwisha alizing'oa zote na mashina, akayachoma, na nikafikiri pengine amekubali. Zilibaki siku tatu. Kisha, siku moja kabla ya dalali kufika, nilifika gengeni nikamkuta yuko shambani na wanawe na vibarua sita, wanaparua udongo mkavu na kumwaga uwele. Kwetu wapo wanaopanda kabla ya mvua, mbegu ikaisubiri mvua ardhini, lakini hakuna anayepanda mapema hivyo, jua likiwa bado linapasua midomo. Nilikaa kwenye kigoda nikawatazama hadi walipofika kwenye minyaa. Hawakuacha hata kona.

Simu ya dalali haikupatikana jioni ile. Nilimwomba Mungu na nilimsema vibaya mdogo wangu kwa Mungu, kwa Kinyaturu, ili kusiwe na kutoelewana.

Asubuhi wakaja: dalali, askari wawili, mtendaji, na kijiji kizima. Mdogo wangu alikuwa amesimama katikati ya shamba amevaa shati safi. Dalali akasoma amri. Alipomaliza tu, mdogo wangu akanyoosha mkono.

"Shamba lina mazao. Nimeshapanda."

Mtendaji akakohoa. "Kama ameshapanda," akasema, "basi kwa desturi yetu..." Na mkono wake ukaanza kuelekea mfuko wa shati, na nilijua kilichomo. Kalamu na karatasi.

Wote wakanigeukia mimi. Walikuwa wananijua. Walijua ni mimi niliyepiga kelele mara ya kwanza, na walikuwa wananisubiri nipige tena.

Nilivua kandambili. Nikaingia shambani kwa mguu mtupu, nikatembea kutoka kwenye mawe mawili hadi kwenye minyaa, nikafuata ua, nikarudi kwa upande wa pili. Nilitembea polepole nikitazama chini, kwa sababu sikutaka kusema uongo. Udongo ulikuwa unachoma. Nilipomaliza nikasimama mbele ya mtendaji.

"Nionyesheni jani," nikasema.

"Jani gani, mama?"

"Desturi inasema mmea ulioota. Msinifundishe mimi, desturi hiyo imenila miaka minne. Nionyesheni jani moja, moja tu, nichukue kigoda changu niende nyumbani."

Mdogo wangu aliinama, akachimba kwa kidole, akapuliza vumbi, akainua kitu kati ya vidole viwili.

"Hiki hapa!"

Dalali akasogea, akakitazama, hata akavaa miwani.

"Hii ni mbegu, mzee," akasema.

Mtendaji akautoa mkono mfukoni ukiwa mtupu. Kwa mara ya kwanza tangu kesi ianze sikuona mtu aliyekuwa tayari kumsemea mdogo wangu. Alitoka shambani akapita mbele yangu, na siku hiyo hakunisalimia. Dalali akapigilia vigingi, akanisomea hati ya makabidhiano, nikaisoma na mimi tena neno kwa neno, kisha nikasaini. Wakaondoka wote. Nikakaa chini kwenye vumbi la baba yangu nikalia kwa sauti, na waliopita njiani waliniona na sikuona haya.

Hadithi ingeishia hapo ningeonekana mtu mwema zaidi. Mvua ikawahi mwaka ule. Uwele wa mdogo wangu ukaota wote, kona kwa kona, mistari imenyooka, maana ni mkulima mzuri, hilo sitamnyima. Nilikuja na jembe nikiwa nimepanga kugeuza kila kitu nipande changu. Nikainua jembe, nikashindwa kulishusha. Bibi alikuwa amenishika mkono. Basi nikaupunguza palipobanana, nikaulinda na ndege, nikaupalilia mara mbili.

Palizi ya pili ndipo walipokuja, mdogo wangu na mtendaji. Mdogo wangu alikuwa amekonda kidogo, na alivua kofia.

"Shikamoo dada."

"Marahaba."

"Dada, mmea umeshaota. Na desturi uliisema wewe mwenyewe mbele ya watu."

Alikuwa na hoja, na ilinichoma, kwa sababu ilikuwa hoja yangu. Mtendaji akanipa karatasi. Ilikuwa na maneno yale yale: kwamba mimi, mkabidhiwa shamba, nimekubali kwa hiari yangu ndugu yangu avune mazao yaliyomo. Akanipa na kalamu. Niliisoma yote hadi chini, pale palipoachwa mstari wa saini yangu. Nilifikiri juu ya mbuzi wangu, juu ya vitunguu vilivyochipua kwenye gunia, juu ya mwanamke wa Misigiri ambaye hadi leo anaipita nyumba yake kwa nje. Nikamrudishia mtendaji kalamu. Karatasi nikaichukua, ya kufungia dagaa.

"Mbegu yako nitakurudishia," nikamwambia mdogo wangu, "visado vile vile ulivyomwaga. Zaidi ya hapo nenda barazani ukafungue kesi. Ukishinda, omba hukumu ikaziwe. Ukimpata dalali, mje naye. Mtanikuta hapa hapa."

"Sasa mama, tuje lini?" mtendaji akauliza.

"Njooni baada ya mavuno."

Nikaendelea kupalilia.